Asiyekuwepo na Lake Liwepo

Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo. Katika vikao vya ukoo, katika kugawana mirathi, hata katika mikutano ya kijiji, msemo huu umewaumiza wengi. Mimi nimejipatia riziki kwa zaidi ya robo karne katika kazi inayotaka kinyume chake. Nahariri filamu na vipindi vya televisheni. Chumba cha kuhariria ni kidogo, kina kiyoyozi na pazia zito dirishani, na wanaoingia humo ni watu wenye sauti: mwongozaji, mtayarishaji, mkuu wa vipindi, mara nyingine mfadhili aliyetoa fedha. Kila mmoja ana lake na hulisema. Wawili tu hawaingii: aliyepigwa picha na atakayetazama. Yote niliyojifunza katika kazi hii yanarudi hapo. Mhariri ni wakili wa hao wawili, na akiwasahau, hakuna mashine wala ufundi utakaoiokoa kazi yake.

Niliingia katika kazi hii katikati ya miaka ya 1990. Zanzibar walikuwa na televisheni yao, tena ya rangi, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Sisi wa Bara tulisubiri hadi 1994, vituo vya kwanza vya watu binafsi vilipoanza kurusha matangazo Dar es Salaam. Nilikuwa binti wa Tanga niliyetoka kumaliza kidato cha sita, nikaajiriwa na kituo kimoja kubeba kanda, kuziandika namba na kuzipanga kwenye rafu. Wahariri wote walikuwa wanaume, na hakuna aliyefikiri kwamba msichana wa kanda angekaa mbele ya mashine.

Aliyenikalisha ni mzee mmoja aliyeijua kazi tangu enzi za filamu za milimita 16, serikali ilipokuwa na Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1968. Alijifunza kukata filamu kwa mkono: kuikata, kuiunganisha kwa utepe wa gundi, kuitazama upya, kuifungua tena. Siku moja alinikuta nimesimama nyuma yake jioni, zamu yangu imekwisha.

"Binti, kwenu hawakungoji?"

"Wananingoja, Mzee. Nilitaka kuona mnavyofanya."

"Kuona hakutoshi. Vuta kiti."

Miaka mingi baadaye, nilipoanza kusoma historia ya fani hii, niligundua kwamba mwanamke kwenye kiti kile hakuwa jambo geni duniani. Katika filamu ya Kisovieti Man with a Movie Camera ya mwaka 1929, Elizaveta Svilova anaonekana mezani kwake akichagua na kukata vipande vya filamu hiyohiyo tunayoitazama. Anne V. Coates ndiye aliyehariri Lawrence of Arabia ya 1962 na akapata Oscar. Thelma Schoonmaker amezipata tatu kwa filamu alizohariri za Martin Scorsese. Nawataja kwa ajili ya wasichana wanaobeba kanda na diski leo, waambiwe mapema kile ambacho mimi nilikisoma nikiwa mtu mzima.

Mashine zetu zilikuwa mbili, moja ya kuchezea kanda na nyingine ya kurekodia, na katikati kidude chenye gurudumu la kupeleka picha mbele na nyuma. Ulichagua pa kuanzia na pa kuishia, ukabonyeza, kipande kikanakiliwa kutoka kanda hii kwenda ile. Ukishapanga vipande vya nusu saa, kisha mkuu wa vipindi akataka kingine kiingizwe dakika ya tano, hapakuwa na njia ya mkato. Ama urudie kazi yote kuanzia dakika ya tano, ama unakili kanda nzima kwenda nyingine na kukubali picha ififie, kwa sababu kila nakala ilikuwa dhaifu kuliko iliyoizaa. Mfumo ule ulimlazimisha mtu kufikiri kwanza, kisha akate.

Ndiyo maana sharti la Mzee lilikuwa moja: usiguse mashine kabla hujatazama kila kitu. Kanda zikiwa kumi, unazitazama kumi, tangu mwanzo hadi mwisho, hata pale mpiga picha aliposahau kuzima kamera. Na unaandika. Daftari letu lilikuwa na namba ya kanda, saa, dakika, sekunde na fremu, kisha nani anasema nini. Safu ya mwisho, ambayo sijaiona kwa mhariri mwingine yeyote, aliiita pumzi. Humo tuliandika mahali msemaji anapovuta hewa.

"Mtu akatwe kwenye pumzi yake," alisema, "si kwenye pumzi yako."

Katika mfumo wa televisheni wa PAL tuliokuwa tukiutumia, sekunde moja ni fremu 25. Asiyeifanya kazi hii hawezi kuamini uzito wa fremu moja. Mtu akisema "Si kweli," ile "si" inaweza kuwa fremu nne au tano tu. Mhariri mwenye haraka akiingia kwa kuchelewa hivyo, mtazamaji atasikia "kweli". Picha ni ileile, sauti ni ya mtu yuleyule, midomo haijachezewa, na maneno yamegeuka. Nilijifunza kuvaa spika za masikioni na kusikiliza kila mwanzo wa sentensi na kila mwisho wake, kwa sababu aliyesema yuko mbali na hana namna ya kupiga simu kusema mmenikata.

Funzo hilo lilikomaa ndani yangu Unguja, mwanzoni mwa miaka ya 2000, nilipohariri kipindi kuhusu wakulima wa mwani wa Paje. Kilimo cha mwani cha biashara kilianza Zanzibar mwaka 1989 kwa mbegu zilizotoka Ufilipino, na kwa sehemu kubwa kimekuwa mikononi mwa wanawake. Wanafuata bamvua, maji makubwa ya mwezi mwandamo na mwezi mpevu, bahari inapokupwa mbali na vigingi vyao kuonekana. Wanakaa majini, wanafunga vichipukizi kwenye kamba, wanarudi wiki kadhaa baadaye kuvuna.

Katika picha zile palikuwa na mama mmoja wa makamo, kanga imefungwa kiunoni, maji yamemfika magotini. Alikuwa anafunga mwani huku akihojiwa, na mikono yake haikusimama. Aliulizwa kama kazi inalipa. Akajibu: "Bei ndogo, mwanangu, kazi kubwa. Lakini mwani huu ndio uliosomesha wanangu, na bati la nyumba nimelitia mimi." Akanyamaza. Akafunga fundo moja, akalikaza, akatazama upande wa mwamba kule mawimbi yanakovunjikia. Kisha akasema: "Ila anayeipanga bei sisi hatumjui."

Mfadhili alipenda sehemu ya katikati. Wanawake wamesomesha watoto, nyumba zimeezekwa, mradi umefaulu. Mkuu wa vipindi alipenda mwanzo na mwisho, kwa kuwa habari yenye malalamiko hushika watu. Wote wawili walinukuu maneno ambayo mama yule aliyasema kweli. Hakuna aliyetaka kuzua kitu. Lakini kila mmoja alikuwa anamfanya mama yule awe mtu ambaye siye. Mmoja alitaka mama mwenye shukrani, mwingine alitaka mama mwenye kilio. Aliyekaa majini alikuwa na vyote viwili, na alikuwa na hoja: kazi hii imenijenga, na bado kuna jambo nisiloambiwa. Hoja hiyo haisikiki mpaka sehemu zote tatu zikae kwa mpangilio wake, pamoja na ule ukimya wa fundo.

Hoja waliyonipa ya kutoziweka zote ilikuwa ya muda. Kipindi kilikuwa na dakika 26, na kila sekunde ilikuwa na mwenyewe. Nikatafuta nafasi mahali pengine. Nilikuta maneno ya msimulizi, tuliyoyaandika sisi studioni, yakieleza kwa aya nzima kwamba wakulima wa mwani wana mafanikio na changamoto. Nikayafuta. Mama alikuwa ameshayasema, tena vizuri kuliko sisi. Tangu hapo ndiyo kanuni yangu, na nawafundisha nayo vijana: muda ukibana, anza kukata sauti yako mwenyewe. Msimulizi, muziki, madoido na picha nzuri isiyo na kazi vitangulie kwenda. Mtu aliyekuamini akakuambia maisha yake awe wa mwisho kuguswa.

Palikuwa na jambo jingine. Mpiga picha alikuwa na picha moja ya kupendeza mno, bahari imejaa, buluu, ngalawa inapita. Mwongozaji aliitaka katikati ya mavuno. Mimi ni mtoto wa pwani. Maji yakijaa, mwani uko chini na wanawake wako nyumbani. Mtazamaji wa Dodoma asingejua, lakini wa Paje, Jambiani au Bwejuu angejua papo hapo kwamba aliyetengeneza kipindi hiki hakuwa na habari na bahari, na asingeamini lolote lililofuata. Nilimwonyesha mwongozaji mfuatano wote kwa maji: yanatoka, yamekupwa, yanarudi, yamejaa. Ngalawa yake ikakaa mwisho, mahali pake pa kweli, na ikapendeza zaidi.

Kipindi kilipokamilika tulirudi Paje na jenereta, projekta na shuka jeupe. Watu walikaa mchangani, watoto mbele. Walitazama na kutajana majina. Ulipofika ule ukimya wa fundo, watu wazima nao walinyamaza, na mama aliposema kwamba anayeipanga bei hawamjui, sauti ya mtu mzima ikatoka nyuma: "Hilo ndilo!" Baadaye mwenyewe alinijia, akanishika mkono, akasema: "Yote niliyosema mmeyaweka." Nimewahi kupewa vyeti katika kazi hii. Kauli ile naiweka juu ya vyote.

Kompyuta zilipoingia, ugumu wa mashine ukaisha. Huko Hollywood mabadiliko yalikuwa yameshafika mbali: The English Patient, iliyohaririwa na Walter Murch kwa kompyuta, ilichukua Oscar ya uhariri mwaka 1997. Kwetu yalifika taratibu, na miaka ya mgao wa umeme ilitufundisha kuhifadhi kazi kila baada ya dakika chache. Sasa uliweza kuingiza kipande dakika ya tano bila kugusa vingine, ukakitoa, ukakirudisha. Nilifurahi. Niliona pia kwamba daftari lilianza kupotea. Kama kukata hakugharimu kitu, kwa nini nitazame kanda zote kumi? Kijana anaruka mbele, anachukua kinachong'aa, anaendelea. Kukata kumekuwa rahisi, lakini kusikiliza kunachukua muda uleule kama zamani. Mahojiano ya saa moja yanasikilizwa kwa saa moja.

Ndipo zikaja filamu za Bongo. Baada ya Girlfriend ya George Tyson mwaka 2003, watu waliona kwamba filamu ya mjini kwetu, kwa Kiswahili chetu, ina wanunuzi. Kwa miaka kadhaa nilihariri filamu hizo, na naziheshimu kwa jambo moja kubwa: ziliwapa watazamaji wetu sura zao wenyewe. Lakini soko lilikuwa na desturi ya kugawa hadithi moja katika diski mbili, sehemu ya kwanza na ya pili, ili mnunuzi alipe mara mbili. Hadithi ya dakika 80 ikatakiwa ijaze saa mbili na nusu. Kazi ya kuivuta ikaangukia chumba cha kuhariria. Gari linatoka getini, linapita barabara nzima, linaegeshwa, mlango unafunguliwa, mtu anapanda ngazi moja moja, na wimbo mzima unapigwa mpaka uishe.

Msambazaji mmoja aliniambia watu hawajali. Nikamwomba tufuatane Manzese, kwenye kibanda cha video, tukae nyuma. Wakati wa ugomvi wa mke na mume, kibanda kizima kilikuwa kimekaza macho. Gari lilipoanza safari yake, kijana aliyekuwa mbele yetu aligeuka kuomba kiberiti, wawili wakatoka kununua kashata, mwingine akaanza kusimulia mechi ya jana. Gari lilipofika, hawakuwa nalo tena. Iliwachukua dakika kadhaa kurudi kwenye hadithi. Msambazaji hakusema kitu, lakini filamu iliyofuata aliniachia niifupishe.

Vibanda vilikuwa darasa langu la pili. Humo ndimo walimovuma wasimulizi wa filamu za kigeni, kama Lufufu Dar es Salaam na DJ Afro Nairobi, ambao waliongea juu ya filamu ya Marekani au ya China mpaka ikawa ya uswahilini. Wasomi waliwadharau. Mimi niliwasikiliza kwa makini, maana walijua lini mtazamaji anahitaji kuelezwa na lini anahitaji kuachwa acheke. Murch, katika kitabu chake In the Blink of an Eye, anapima sababu sita za kukata picha mahali fulani, na hisia anaipa asilimia 51, zaidi ya sababu nyingine tano zikijumlishwa. Nilipoisoma hesabu hiyo sikushangaa. Nilikuwa nimeiona kwa macho kwenye mabenchi ya Manzese. Watu walisamehe picha yenye giza na sauti yenye mkwaruzo, lakini kupotezewa moyo wa hadithi hawakusamehe.

Leo kila mwenye simu ni mhariri. Vijana wanakata video kwa CapCut wakiwa ndani ya daladala, na wengine wana kipaji cha kweli. Jambo hilo linanipa matumaini, na linanitia hofu pia. Sheikh anasema msikitini, "Wapo wanaodai kwamba kuiba ni halali kwa mwenye njaa, na hao wamepotea." Kipande kinachozunguka WhatsApp kinaanzia "kuiba ni halali" na kuishia "mwenye njaa". Mchungaji, mwalimu, mwanasiasa, mama wa sokoni, wote wamefanyiwa hivyo. Aliyekata anajua alichokata. Sisi tunaopokea hatujui, tunatukana na kusambaza. Zamani kosa kama hilo lilihitaji mashine za mamilioni na ruhusa ya wakubwa; sasa linahitaji kidole. Kwa hiyo maadili yaliyokuwa ya chumba kidogo chenye pazia inabidi yafundishwe shuleni, pamoja na kusoma na kuandika. Mtoto ajue kuuliza kabla ya kuamini kipande: kabla ya hapa alisema nini, na baada ya hapa alisema nini?

Kwa vijana wanaotaka kuifanya kazi hii iwe maisha yao, nina machache ya kuwaambia. Tazama kila kitu kabla ya kukata. Andika. Sikiliza kwa spika za masikioni, si za kompyuta. Lijue jambo lenyewe, liwe bahari, shamba au karakana, kwa sababu programu haitakuambia kwamba maji yamejaa. Kaa na watazamaji angalau kwa kila kazi moja kubwa, ukiwatazama wao na siyo kioo. Na ukipewa amri ya kumgeuza mtu maneno yake, sema hapana kwa adabu na ueleze kwa nini. Nimekataa mara kadhaa. Kuna kazi niliyoikosa kwa sababu hiyo, na kuna watu walionitafuta miaka mingi baadaye kwa sababu hiyohiyo.

Limebaki moja, nalo ndilo linaloniuma zaidi. Katika kituo kimoja nilichofanyia kazi, kanda zilikuwa ghali, kwa hiyo za habari zilizopita zilifutwa na kurekodiwa upya. Mikutano ya hadhara, taarabu, mahojiano na wazee waliozaliwa kabla ya vita kuu, vyote viliondoka ili mechi ya Jumamosi ipate kanda. Si sisi peke yetu. Hata BBC ya Uingereza ilifuta vipindi vingi vya miaka ya 1960, na imebaki ikivitafuta kwa watu binafsi duniani kote. Zilizosalia kwetu zimo kwenye makabati, zinaota ukungu kwa joto na unyevu wa pwani. Mashine za kuzichezea nazo zinakufa. Funai ya Japani, kampuni ya mwisho kutengeneza mashine za VHS, iliacha mwaka 2016. Kanda nzima isiyo na mashine ya kuichezea ni sawa na iliyofutwa.

Waliomo kwenye kanda hizo wengi wameshatangulia mbele ya haki. Watakaozitaka, wajukuu wao, wengine hawajazaliwa. Kwa hiyo naomba kwa wakuu wa vituo, kwa watayarishaji binafsi na kwa familia zenye masanduku ya kanda za harusi na maulidi: zitoeni kabatini, ziandikeni majina ya waliomo wangali hai wanaowakumbuka, zihamishieni kwenye diski, na nakala moja ikae jengo jingine. Fanyeni hivyo mwaka huu, mafundi wa mashine hizo wakiwa bado wapo.